Mtani wa Marehemu

Chungu kilikuwa barazani, pembeni mwa mlango, kikubwa kiasi cha kumlaza kuku na vifaranga wake wote. Inspekta Joha Isiaka alichuchumaa mbele yake, magoti yakalia, akawasha tochi ya simu na kumulika ndani.

"Hicho kilishakaguliwa jana, afande," alisema Koplo Abeli kutoka nyuma yake. "Inhela ilitoka humo humo. Thomas mwenyewe ndiye aliyewaelekeza wenzetu wa Bahi. Kakiri kwa mdomo wake. Tunatafuta nini tena?"

"Natafuta sababu ya wewe kuvaa viatu vya sherehe kazini."

Abeli aliviangalia viatu vyake, akaona haya. "Ni vya mazishini, afande. Marehemu ni wa kijijini kwetu. Wanazika leo alasiri, na wazee hawaachi kunipigia simu."

"Bado lile lile?"

"Wanauliza mtani wao yuko wapi."

Joha alikuwa Mrangi wa Kondoa, na hakuhitaji kufundishwa utani ni nini. Marehemu Henry Ndahani alikuwa Mgogo wa Chamwino. Thomas Kihwele, aliyekuwa mahabusu mjini tangu jana, ni Mhehe wa Iringa. Makabila yao yalipigana zamani, yakapatana, yakabaki na ruhusa ya kutukanana bila mtu kukasirika. Hawa wawili waliikuta ruhusa hiyo ikiwasubiri siku walipokutana chuoni, na tangu hapo hawakupumzishana. Sasa mmoja amekufa, na desturi inamtaka mwingine aende msibani awatanie wafiwa mpaka wacheke, maana wenye msiba hawawezi kujichekesha wenyewe. Wazee wa Chamwino hawakutaka Mhehe mwingine yeyote. Walikuwa wamempelekea Joha ujumbe ulionyooka: kama Thomas ndiye aliyemuua kijana wetu, tuambieni tujue, na kama siye, tuleteeni kabla ya kufukia.

Hayo ndiyo yaliyomtoa Joha mjini asubuhi ile, akaipanda barabara ya Bahi mpaka kwenye nyumba hii ya kupangisha iliyojibanza katikati ya majabali. Kwenye karatasi kesi ilikuwa imekwisha. Marafiki watano waliosoma pamoja walikuja kupumzika toka Ijumaa hadi Jumapili. Jumamosi baada ya chakula ukaja upepo wa vumbi, Henry akabanwa na pumu, inhela yake, ile dawa ya kuvuta kwa mdomo, haikuonekana, akafa njiani akipelekwa hospitali. Kesho yake Thomas akawaambia askari: "Nimemuua mimi. Nimezoea kumfichia vitu. Asubuhi niliificha kofia yake kwenye chungu cha barazani, na huwa anaweka inhela ndani ya kofia akilala. Kofia nilimrudishia, inhela itakuwa ilidondokea humo. Kaangalieni humo." Wakaangalia, wakaikuta.

"Mzaha mzaha, mwisho hutumbuka usaha," alisema Abeli. Alikuwa akiurudia msemo huo tangu walipotoka mjini.

"Abeli, hebu njoo huku. Chuchumaa. Unaona nini chini?"

"Vumbi."

"Jekundu?"

"Jekundu, afande. La ule upepo. Si unaona hata viti vyote vilivyo?"

"Na katikati ya vumbi?"

Abeli alisogeza uso. Ndani ya chungu, chini kabisa, vumbi lilikuwa limetandaa laini kama unga uliochekechwa, na katikati yake palikuwa na alama iliyodidimia, fupi, yenye pembe upande mmoja. Hata mtoto angejua kitu gani kililala pale.

"Alama ya inhela," alisema.

"Na ndani ya alama kuna nini?"

"Vumbi vilevile. Limegandamizwa tu."

"Haya. Ukiacha sahani mezani vumbi likapita, ukaja kuinyanyua, chini yake utakuta nini?"

Abeli akaangalia tena ndani ya chungu, safari hii kwa muda mrefu zaidi. "Nitakuta meza safi," alisema taratibu.

"Basi hiyo inhela haikuwamo humo upepo ulipopita. Vumbi liliingia kwanza, inhela ikawekwa juu yake."

"Labda vumbi hili ni la zamani, afande. La tangu mwaka jana."

"Labda. Ndiyo maana hatujaondoka. Niitie yule binti."

Joha alikuwa amewaagiza wawili waje wamkute pale: Devota na Octavian. Wa tano, Frida, mchumba wa marehemu, alikuwa Chamwino amejifunika khanga, na Joha hakuwa na roho ya kumtoa kule.

Devota alikuja akiwa amekumbatia mabega yake ingawa jua lilikuwa linawaka. Alikuwa mtumishi wa Bunge, mwembamba, macho yamevimba.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Pole. Nina maswali machache, halafu nikuache. Kofia iliyofichwa humu, uliiona ikitolewa?"

"Tulikuwepo wote, tunakunywa chai. Thomas alisema hampi mpaka aimbe. Henry akaimba, vibaya kweli." Alitaka kucheka, sauti ikakataa. "Nina picha yake."

Alimpa Joha simu. Henry Ndahani alikuwa amesimama barazani na kofia kichwani, ametoa meno yote, mkono mmoja umeshika ukingo wa chungu. Kofia ilikuwa nyeupe. Joha aliikuza picha kwa vidole viwili akaichunguza ukingo hadi kichwa, hakuona doa jekundu. Akamwonyesha Abeli. Abeli aliitazama, naye hakutaja tena vumbi la mwaka jana.

"Baada ya chakula, Thomas alikuwa wapi?"

"Alikwenda Bahi na Frida kununua samaki. Waliondoka hata kabla hatujanawa mikono. Mimi nilipokuwa namkimbiza Henry na gari, tulikutana nao barabarani wakirudi, wakageuza wakatufuata."

"Kwa hiyo Thomas hakufika tena hapa."

"Mpaka jana, na askari."

"Henry alipobanwa, alikuwa na nani?"

"Na mimi." Devota aliangalia sakafu. "Vumbi lilikuja ghafla, tukakimbilia ndani. Akaanza kukohoa. Akanionyesha kwa mkono, inhela, inhela. Nimetafuta mezani, chumbani, kwenye begi lake, chini ya kitanda. Namwita Octa anisaidie, Octa hayupo. Nimetoka nje nimeita mpaka sauti ikakauka. Mwishowe nikambeba mwenyewe hadi kwenye gari. Sijui nilimbebaje."

"Kwenye chungu ulitafuta?"

Machozi ya Devota yakaanza kutiririka bila yeye kuyafuta.

"Mbona hukuliandika hilo kwenye maelezo yako?"

"Ningeandika nini, mama? Niliingiza mkono humo. Kabla ya kumbeba niliingiza mkono, vumbi likiwa bado linavuma, kwa sababu najua Thomas anavyoficha vitu. Nilipapasa, sikugusa kitu. Halafu jana wananiambia ilikuwa humo humo." Alijishika kifua. "Nilipapasa vibaya. Nilikuwa na haraka. Tangu jana silali. Ningepapasa vizuri Henry angekuwa hai."

Joha alimshika bega. Kazini hakuwa mtu wa kushika watu mabega, na Abeli alitazama pembeni kwa adabu.

"Nisikilize. Ulipapasa vizuri. Haikuwamo."

"Lakini wamesema..."

"Iliwekwa baada ya nyinyi kuondoka. Mkono wako hauna kosa lolote. Umenisikia? Nenda ukanywe maji."

Devota alimwangalia kama mtu anayeamshwa, hajui yuko chumba gani. Aliondoka hatua mbili, akasimama. "Baada ya sisi kuondoka," alisema, "hapa alibaki mtu mmoja tu."

"Nenda ukanywe maji, Devota."

Octavian Rwegoshora alikuwa sebuleni, ameketi kwenye ncha ya kochi mikono ikiwa katikati ya magoti. Alikuwa na shati lililopigwa pasi na saa nzuri, kijana wa wizarani aliyeshazoea kuketi mbele ya wakubwa. Aliamkia vizuri, akaitikiwa. Joha aliketi mkabala naye. Abeli alisimama mlangoni na kijitabu cha maelezo.

"Jumamosi baada ya chakula ulikwenda wapi?"

"Nilipanda mlimani. Kupunga upepo."

"Siku ya vumbi?"

"Lilinikuta huko huko juu. Nilijibanza nyuma ya jiwe."

"Uliporudi?"

"Nilikuta gari linatoka. Nikabaki. Nikampigia Frida simu baadaye, akaniambia Henry amefariki."

"Ukafanya nini?"

"Nilikaa hapa. Nililia."

Joha aliamini. Uso wa kijana ulikuwa umechakaa kwa siku mbili, na kulia huacha alama ambazo pasi hazinyooshi. "Mlikuwa mmegombana?" aliuliza.

"Hapana. Sisi ni marafiki, mama. Henry amekaa kwangu mwaka mzima, hana kazi, hana hata kitanda. Tumekula sufuria moja."

"Harusi yake na Frida ni lini?"

"Desemba."

"Msimamizi wake ni nani?"

Nje mbuzi alilia na Abeli akabadilisha mguu.

"Thomas," alisema.

"Ulijua lini?"

"Ijumaa usiku. Walitutangazia. Nilipiga makofi kama wenzangu."

"Na Jumamosi mezani ukamwambia nini Henry?"

Lilikuwa swali la kubahatisha. Joha hakujua kama kulisemwa neno lolote, alijua tu kwamba mtu hapandi mlima wa mawe na jua la saa nane la Dodoma kwa sababu ya kupunga upepo. Octavian aliinua macho kwa mshtuko.

"Devota amekuambia?"

"Niambie wewe."

"Ulikuwa utani. Aliomba aongezewe nyama, nikasema, mpeni huyo ombaomba. Basi. Thomas anamwita hivyo kila siku! Mgogo ombaomba, Mgogo ombaomba, toka chuoni, na Henry anacheka mpaka anashika mbavu. Nilipomwita mimi, meza nzima ikanyamaza."

"Henry akasemaje?"

"Alisema, Octa, Thomas akiniita ombaomba ni mtani wangu. Wewe nimekula kwako mwaka mzima. Wewe ukiniita hivyo, umeniita kweli."

Abeli aliacha kuandika. Alikuwa Mgogo, na maneno yale aliyasikia yote.

"Alikuwa na haki," alisema Joha.

"Najua alikuwa na haki!" Octavian alipaza sauti, kisha akaishusha. "Akasimama akaenda kunawa. Thomas na Frida wakaondoka, Devota akaingia na vyombo. Inhela ilikuwa mezani, karibu na sahani yake. Nikaichukua."

Sasa ilikuwa imesemwa.

"Kwa nini?"

"Nilitaka aniombe."

"Akuombe?"

"Aniombe tu. Mara moja. Aje aseme, Octa, nirudishie, naomba. Kama anavyomwambia Thomas kila siku. Nami ningempa, tungecheka, ingekuwa imekwisha. Mtu umemlisha, umemvisha, lakini kumtania huruhusiwi. Mtu mwingine hajampa hata glasi ya maji, anamfichia kofia, anaimbiwa."

"Thomas akificha kitu husema," Joha alisema. "Husimama mbele ya mwenyewe akatangaza, nimechukua, nikomboe. Huo ndio utani. Wewe ulimwambia nani kwamba umechukua?"

"Sikumwambia mtu. Niliondoka na hasira."

"Devota aliita."

Octavian alifunika uso kwa viganja. Sauti yake ilitokea chini ya mikono. "Nilisikia."

"Ulisikia nini?"

"Nilisikia Octa, Octa. Nilikuwa juu pale, karibu tu. Nilidhani wananiita nije niombwe msamaha. Nikasema moyoni, waite kidogo. Waniite mpaka wachoke, leo wajue na mimi nipo. Sikujua kama amebanwa. Mama, wallahi sikujua, mimi ni Mkristo lakini wallahi. Nilipoteremka nikaona gari linakwenda kasi, nikatia mkono mfukoni nikaikuta. Nikakimbia nyuma ya gari. Nilikimbia mpaka barabara kubwa. Halikusimama."

Joha alimwacha alie. Katika miaka yake ya upelelezi alikuwa amekutana na waongo wa kila namna, na ingekuwa nafuu kwake leo kama huyu naye angekuwa mmojawapo. Huruma ilimpata, akaichukia, maana bado kulikuwa na swali moja na hilo ndilo lililokuwa baya.

"Hadi hapo ulikuwa mjinga, Octavian. Ujinga unaombewa radhi. Lakini baada ya kuambiwa amekufa, ulikwenda kwenye chungu."

Octavian alivuta pindo la shati lake.

"Ulikichagua wewe mwenyewe. Ndani ya nyumba nzima, ulichagua mahali pa Thomas."

"Sikufikiri."

"Ulifikiri. Ungeweza kuitupa porini isionekane kabisa. Uliiweka pale anapoweka yeye, na jana ulimwona akitiwa pingu, ukakaa kimya. Analia kule mahabusu anasema amemuua mtani wake. Au hukumwona akilia?"

"Nilimwona," alisema Octavian. Kisha akaongeza polepole, kama mtu anayejisikia mwenyewe kwa mara ya kwanza, "Nilitaka nimwone."

Joha alisimama. Alimwagiza Abeli amsomee maelezo yake, atie sahihi kila ukurasa, kisha apakiwe kwenye gari la Bahi. Kosa lake litaitwaje, hilo wangeamua wanasheria wa serikali: kuua bila kukusudia, kuharibu ushahidi, au yote mawili. Kwenye baraza aliangalia saa, akamwita dereva kwa sauti iliyomfanya mbuzi akimbie.

Mahabusu mjini, baada ya saa nzima ya makaratasi, walimtoa Thomas bila mkanda na bila kamba za viatu. Alikuwa mtu mrefu mwenye uso wa kuchekesha, ule uso ambao hata ukinuna watu hutabasamu. Joha alimpa kamba zake ndani ya gari na kumweleza yote wakiwa njiani kuelekea Chamwino, bila kupunguza wala kupamba. Thomas alisikiliza akijaribu kufunga viatu na kushindwa.

"Kwa hiyo si mimi," alisema mwishowe.

"Si wewe."

"Octa alikuwa anataka nini hasa?"

"Alitaka na yeye ataniwe."

Thomas aliangalia nje, mizabibu ikipita, na vichaka vya miba na ardhi kavu. "Angesema tu," alisema. "Mbona ni kitu kidogo. Angesema." Kisha akauliza, "Wananisubiri kweli?"

"Wamekataa kufukia."

"Mimi sina utani leo, mama. Sina hata neno."

"Hilo kawaambie wao."

Walikuta watu wamejaa hadi nje ya ua wa makaburi. Abeli alikuwa ametangulia na bodaboda na habari zilishawafikia wazee. Umati ulipomwona Thomas ulipisha njia. Baba yake Henry, Mzee Ndahani, alikuwa kwenye kiti cha plastiki na fimbo mikononi, amevaa koti zito. Thomas alitaka kupiga magoti mbele yake, mzee akamzuia kwa fimbo.

"Mhehe mla mbwa," alisema mzee, sauti ikikwaruza. "Umechelewa. Ulikuwa jikoni?"

Wanawake waliokuwa wakilia walinyamaza. Thomas alisimama pale, mikono ikining'inia. Joha alimwona akiutafuta uso wake wa kawaida na kuukosa, kisha akaupata, au akapata kitu kinachofanana nao.

"Nimechelewa kwa sababu yenu, Wagogo," alisema kwa nguvu. "Nimepita barabara nzima mnaniomba. Nimeombwa hadi shati. Na huyu kijana wenu mnayemlaza hapo, mwenye deni langu la kuku, anadhani atalala mapema? Halali mtu hapa!"

Kicheko kilianza kwa wazee, kikaenda kwa wanawake, kikiwa kimechanganyika na kwikwi. Frida mwenyewe aliinua khanga usoni akatazama. Thomas alivua viatu, akaruka ndani ya kaburi kama desturi inavyomruhusu mtani, akajilaza chali juu ya udongo.

"Shimo hili nimelichukua!" sauti yake ilitoka chini. "Nimelipenda! Mtafutieni lingine. Sitoki mpaka nikombolewe!"

Watu walicheka kwa sauti kubwa sasa, kama wenye kiu waliofikishiwa maji. Mjomba mmoja alileta jogoo mwekundu, akamning'iniza ukingoni. "Mhehe, haya, chukua kuku wako utoke."

Thomas hakumpokea.

"Anataka na mtetea!" mtu alipiga kelele. Mtetea akaletwa. Kicheko kikaendelea kidogo, kikapungua, kikabaki kwa watu wa nyuma ambao hawakuwa wakiona. Joha alisogea ukingoni. Thomas alikuwa amegeukia ukuta wa udongo, magoti ameyakunja, mikono imefunika kichwa, na mgongo wake mrefu ulikuwa ukitikisika bila sauti. Hakuwa akitania tena.

Mjomba aliteremsha jogoo chini. Hakuna aliyejua la kufanya, kwa sababu desturi haikusema mtani naye achekeshwe na nani.

Mzee Ndahani aliinuka kwenye kiti chake. Alitembea hadi ukingoni, akampa Abeli fimbo, akainama kadiri mgongo wake ulivyomruhusu, na kunyoosha mkono mtupu ndani ya kaburi la mwanawe.

"Toka, baba," alisema. "Hapo si pako. Toka, nakuomba."